Lupembe: mizani ya chai, macho ya shahidi na urefu wa mtoto

Mkulima wa chai wa Lupembe, mkoani Njombe, hakadirii kilo za majani yake. Akifika kwenye banda la kununulia anatundika kiroba kwenye mizani, anakodolea macho mshale, anamsubiri karani aandike, na haondoki bila risiti. Kiroba kile amekibeba mwenyewe kutoka shambani, amechuma tangu ukungu haujapanda kutoka bondeni, lakini ukimuuliza uzito atakwambia tusubiri mizani. Anajua kwamba mgongo uliochoka huongeza kilo. Anajua pia kwamba karani anaweza kuwa na sababu zake za kuzipunguza.

Busara hiyo huishia hapo bandani. Jioni ileile, mtu yuleyule atakueleza bila kusita ni nani aliyevunja nyumba ya jirani usiku wa giza mwaka juzi, viazi vitauzwaje msimu ujao, na kama mwanawe anakua vizuri au la. Kwa hayo yote hana mizani, wala haoni kwamba anaihitaji. Na simsemi mkulima wa Lupembe peke yake. Hakimu, daktari na sisi tunaoandika magazetini tuko kwenye foleni hiyohiyo.

Mwaka 1973 wanasaikolojia wawili wa Israeli, Amos Tversky na Daniel Kahneman, walichapisha maelezo ya tabia hii ambayo mpaka leo yanatajwa. Tukiulizwa jambo fulani hutokea mara ngapi, walisema, akili haihesabu. Inaangalia tu mfano unakuja kichwani kwa wepesi kiasi gani. Unaokuja upesi tunadhani ni mwingi, na unaochelewa tunadhani ni haba. Kahneman alipata Tuzo ya Nobel ya uchumi mwaka 2002. Mwenzake alikuwa ameshafariki mwaka 1996, na tuzo hiyo haipewi marehemu. Lakini kinacholeta wepesi huo ni nini? Ni ukaribu. Cha jana huja kabla ya cha mwaka juzi, cha mtaani kwetu kabla ya cha mkoa wa mbali, na cha kutisha kabla ya vyote.

Nenda Makambako uone. Ni mji wa njia panda: barabara kuu ya kutoka Dar es Salaam kwenda Tunduma hapa ndipo inapoachana na ile ya Njombe na Songea, na reli ya TAZARA, iliyokabidhiwa mwaka 1976, ina stesheni yake hapahapa. Malori na mabasi yanapita usiku na mchana, na ajali ikitokea huzaa mashahidi wengi kuliko abiria waliokuwamo. Kaa kwenye kijiwe cha bodaboda usikilize. Asubuhi lori lilikuwa na mwendo, saa sita limekuwa likifukuzana na basi, jioni dereva ameshakuwa mlevi. Hakuna anayesema uongo kwa makusudi. Kila anayesimulia anaongeza kidogo kile alichosikia kwa mwenzake, na kesho yake anakikumbuka kama alichokiona kwa macho yake.

Elizabeth Loftus na John Palmer walilithibitisha hili mwaka 1974 nchini Marekani. Waliwaonyesha wanafunzi filamu ya magari yakigongana, kisha wakawauliza magari yalikuwa na mwendo gani. Wengine waliulizwa kwa neno la kawaida, kwamba magari yaligongana. Wengine kwa neno kali, kwamba yalibamizana. Wa neno kali walitaja mwendo mkubwa zaidi. Wiki moja baadaye wakaulizwa kama waliona vioo vilivyovunjika. Kati ya 50 walioulizwa kwa neno kali, 16 walisema waliviona. Kati ya 50 wa neno la kawaida, 7. Katika filamu ile hapakuwa na kioo kilichovunjika. Swali peke yake lilikuwa limewapandikizia vioo.

Sasa fikiria swali hilo likiulizwa na askari wa upelelezi, usiku, kwa mtu ambaye nyumba yake imevamiwa na bado anatetemeka. “Huyu fulani hukumwona?” Hapo kinachopandikizwa si vioo tena. Ni jirani.

Mahakama zetu hazikumngojea Loftus. Mwaka 1953 Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki, katika shauri la Abdallah bin Wendo, ilikwishaonya juu ya kumtia mtu hatiani kwa ushahidi wa utambuzi wa shahidi mmoja aliyeona katika mazingira magumu. Tanzania ilipopata Mahakama yake ya Rufani mwaka 1979, haikupita hata miaka miwili kabla ya kutolewa uamuzi ambao kila mwanafunzi wa sheria nchini anaujua: Waziri Amani dhidi ya Jamhuri, wa mwaka 1980. Majaji walisema ushahidi wa kumtambua mtu kwa macho ni wa aina dhaifu kuliko zote na hauaminiki, na kwamba mahakama isiutegemee mpaka iwe imeondoa kila uwezekano wa makosa. Wakataja na ya kuuliza. Shahidi alimwangalia mtu huyo kwa muda gani? Kwa umbali gani? Kulikuwa mchana au usiku, na kama usiku, mwanga ulikuwaje? Aliwahi kumwona kabla ya siku hiyo?

Maswali hayo ukiyasoma ukiwa ofisini yanaonekana madogo. Yapeleke Lupembe mwezi wa Juni, saa nane usiku, ukungu umefunika mpaka huoni mlango wa jirani. Shahidi anasema alimtambua jambazi kwa mwanga wa koroboi. Mahakama ya Rufani, inayofanya baadhi ya vikao vyake Iringa, itataka kujua koroboi hiyo ilikaa wapi na mwanga wake ulikuwa na nguvu gani. Akisema alimtambua kwa tochi, ataulizwa tochi ilikuwa mkononi mwa nani, maana mahakama ilikwishasema lililo wazi: anayemulika ndiye anayeona, na anayemulikwa machoni hupofuka. Na akisema, “Namfahamu tangu utoto wetu,” bado hajapona. Majaji wamekumbusha zaidi ya mara moja kwamba watu hukosea hata wanapodhani wamewatambua jamaa na marafiki zao wa karibu. Mwaka 2002, katika rufaa ya Marwa Wangiti Mwita, wakaongeza kipimo kingine: shahidi aliyemtaja mtuhumiwa mapema kabisa ana uzito kuliko aliyekaa kimya siku kadhaa kisha jina likamjia.

Kijijini hukumu za namna hii hazipendwi. Mtu anaachiwa kwa sababu ya taa, watu wanasema mahakama imenunuliwa. Uchungu wao naufahamu, lakini nadhani majaji wako sahihi na kijiji kimekosea. Marekani watu zaidi ya 370 wametolewa gerezani baada ya kipimo cha vinasaba kuonyesha hawakutenda kosa, na katika kesi takribani saba kati ya kila kumi kulikuwa na shahidi wa macho aliyemnyooshea kidole asiyehusika. Wengi wa mashahidi hao walikuwa na uhakika kamili. Uhakika wa shahidi hupanda kila anaporudia maelezo yake. Ukweli wa alichokiona haupandi nao.

Hofu ikiingia, mambo huharibika zaidi. Oktoba 2016, katika kijiji cha Iringa-Mvumi, wilayani Chamwino mkoani Dodoma, watafiti wawili wa Kituo cha Utafiti wa Kilimo cha Selian, Arusha, pamoja na dereva wao, waliuawa na wanakijiji walioamini kwamba ni wanyonya damu. Simulizi za mumiani zina umri wa karne nzima katika nchi hizi, kila bibi anazo. Ndiyo maana zilipatikana upesi siku ile, wakati maelezo ya kweli, kwamba watu wale walikuwa kazini, hayakuwa kichwani mwa yeyote. Njombe nayo inaikumbuka Januari 2019, watoto walipouawa kikatili na imani za kishirikina zikatajwa. Hofu ile haikuwa ya bure, watoto walikufa kweli. Lakini hata hofu yenye msingi hulipeleka jicho kwa mgeni kwanza, kwa sababu mgeni ndiye anayeonekana.

Mpaka hapa nimeisema kumbukumbu kama mwizi, na si haki. Frederic Bartlett wa Chuo Kikuu cha Cambridge, ambaye kitabu chake cha mwaka 1932 ni miongoni mwa vilivyoweka msingi wa elimu ya kukumbuka, alisimulia habari za mchungaji wa ng’ombe wa Kiswazi, kusini mwa Afrika. Mwajiri wa mchungaji huyo alikuwa amenunua ng’ombe kadhaa mwaka mmoja nyuma, na orodha ilikuwa imeandikwa. Mchungaji hakuwa na sehemu katika ununuzi ule. Alipoulizwa, alitaja kila ng’ombe, rangi yake, bei yake na aliyemuuza, akikosea vitu viwili vidogo tu. Bartlett, aliyekwenda akidhani anapima akili ya ajabu, aligundua jambo la kawaida: ng’ombe walikuwa maisha ya mtu yule. Kumbukumbu huhifadhi kilicho karibu na moyo, na hukihifadhi vizuri.

Njombe yenyewe ina mfano ambao naupenda kuliko wa Bartlett. Vitabu vya shule vinatufundisha kwamba Vita vya Majimaji vilianza Umatumbi mwaka 1905, vikaenea kusini yote. Septemba mwaka huo vilifika Ubena, na kituo cha misheni ya Kilutheri cha Yakobi kikashambuliwa akiwamo mmisionari Paul Gröschel. Zaidi ya nusu karne baadaye, watafiti walipokwenda kuwasikiliza wazee wa Yakobi, vita walivyovijua wazee hao viliitwa vita vya Korosani, na Korosani ndiye Gröschel katika vinywa vya Wabena. Mwanahistoria James Giblin ameandika juu ya jambo hili. Kwa taifa, ile ni hatua ya kwanza ya umoja dhidi ya mkoloni. Kwa Yakobi, ulikuwa ugomvi na mzungu yule pale, mwenye nyumba ile pale, na walioumia wana majina na wajukuu. Nani kakosea? Hakuna, ila kila mmoja amehifadhi cha kwake, na anayetaka kuvijua vita vyenyewe inambidi awasikilize wote wawili.

Tatizo huanza pale kilicho karibu kinapotumika kupimia kilicho mbali. Angalia mashamba. Bei ya viazi ikipanda msimu huu, msimu ujao kila mtu analima viazi, na magunia yanarundikana Makambako bila mnunuzi. Parachichi la Hass lina mtego mrefu zaidi, kwa sababu mche unaoupanda leo kwa bei ya leo utaanza kukulipa baada ya miaka mitatu hivi, kwa bei ambayo hakuna anayeijua. Bei ikianguka, kijiwe chote kitasema, “Nilijua tu!” Hapana, hukujua. Mwaka 1972, kabla Rais Nixon wa Marekani hajakwenda Beijing na Moscow, Baruch Fischhoff na Ruth Beyth waliwataka wanafunzi wa Israeli wakadirie mambo yatakayotokea katika ziara hizo. Ziara zilipokwisha waliwataka wakumbuke makadirio yao wenyewe. Kwa mambo yaliyotokea, wengi walikumbuka kwamba waliyatabiri kwa uhakika kuliko walivyokuwa wameandika. Karatasi zao zilikuwapo, zikawaumbua. Mkulima asiye na daftari hana kitu cha kumuumbua, na kwa hiyo kila mwaka anaanza upya akiwa mjuzi.

Lakini bei ikikosewa msimu mmoja, msimu mwingine unakuja. Kwa mtoto hakuna msimu mwingine, na hapo ndipo Njombe inapolipa gharama kubwa kuliko zote ya kupima kwa macho.

Mkoa huu hauna njaa. Mahindi, viazi mviringo, maharage, ngano, maziwa na parachichi vinatoka hapa kwa malori kwenda kulisha miji mingine. Hata hivyo, utafiti wa kitaifa wa demografia na afya wa mwaka 2022 ulikuta kwamba asilimia 50.4 ya watoto wa Njombe walio chini ya miaka mitano wamedumaa, yaani urefu wao haulingani na umri wao. Iringa jirani ilikuwa na asilimia 56.9, Rukwa 49.8. Wastani wa nchi nzima ni 30. Hata Dodoma yenye ukame ina wadumavu wachache kuliko Njombe, tena kwa mbali. Wala si ajali ya mwaka mmoja: utafiti wa 2015/16 ulikuta asilimia 49, na ule wa lishe wa 2018 ukakuta 53.6.

Mtoto mmoja kati ya kila wawili. Jambo kubwa namna hiyo linawezaje kupita bila kuonekana? Linapita kwa sababu ni kubwa namna hiyo. Kama mdumavu angekuwa mmoja kati ya ishirini, jirani angeuliza, shangazi angenong’ona, mama angekwenda zahanati. Wakiwa nusu ya darasa, mfupi anasimama kando ya mfupi mwenzake na wote wanaonekana sawa. Jicho linahitaji cha kulinganishia, na kilicho karibu ni mtoto wa jirani, naye amedumaa.

Halafu mdumavu haonekani mgonjwa. Anacheza, anacheka, mashavu yamejaa. Anaweza kuwa mnene kabisa, maana ugali na viazi hujaza tumbo na kuongeza kilo. Kisichopatikana ni maziwa, mayai, maharage, dagaa, mboga na matunda kwa wingi na kwa mfululizo. Mama anatoka alfajiri kwenda kuchuma chai au kupalilia, anarudi jua limezama, na mdogo anabaki na dada yake wa miaka minane na bakuli la uji mtupu. Ukimuuliza kama mtoto amekula atakujibu, bila uongo wowote, kwamba ameshiba. Sina ubavu wa kumlaumu mama huyo. Waliopaswa kumpunguzia kazi wapo, na wengine jioni wako kwenye pombe ya ulanzi.

Mwanasayansi wa samaki, Daniel Pauly, aliandika mwaka 1995 kwamba kila kizazi cha wanasayansi wa uvuvi hukichukua kiasi cha samaki walichokikuta walipoanza kazi kuwa ndiyo kawaida ya bahari, na hivyo upungufu unaendelea bila mtu kuuona. Vijijini Njombe hadithi ni ileile, bahari tu ndiyo haipo. Bibi alikuwa mfupi, mama akawa mfupi, mtoto anafuata, na maelezo yapo tayari: sisi ndivyo tulivyo, ni urithi.

Urithi upo, lakini hauelezi hili. Kati ya 1997 na 2003 Shirika la Afya Duniani lilipima watoto wapatao 8,500 katika nchi sita: Brazil, Ghana, India, Norway, Oman na Marekani. Walichaguliwa watoto walionyonyeshwa vizuri, waliolishwa vizuri, ambao mama zao hawakuvuta sigara. Watoto wa Accra, wa Muscat na wa Oslo walirefuka karibu sawasawa katika miaka mitano ya kwanza. Vipimo vinavyotumika leo kwenye kliniki zetu, vilivyotolewa mwaka 2006, vinatokana na watoto hao. Ufupi unaoitwa wa ukoo, kwa sehemu kubwa, ni lishe ya vizazi vilivyotangulia.

Kumbukumbu inaingia tena hata wakati wa kupima. Urefu hauna maana bila umri, na umri unatoka kinywani mwa mama pale ambapo kadi imepotea. Ukimpunguzia mtoto wa mwaka mmoja na nusu miezi mitatu tu, mdumavu anaweza kugeuka mzima kwenye karatasi. Ndiyo maana wapimaji wa tafiti hubeba kalenda ya matukio: alizaliwa kabla au baada ya Pasaka? Mahindi yalikuwa yamevunwa? Ulikuwa msimu wa ulanzi? Kwa maswali hayo wanaibana kumbukumbu, kama majaji wanavyofanya kwa koroboi, mpaka itoe mwezi.

Madhara makubwa ya udumavu hutokea katika siku 1,000 za kwanza, tangu mimba inapotungwa hadi mtoto anapofikisha miaka miwili, na yakishatokea hayarudishwi kirahisi, si mwilini wala akilini. Viongozi wa mikoa wamekuwa wakisaini mikataba ya lishe tangu Desemba 2017, na kila baada ya miezi mitatu kuna Siku ya Afya na Lishe ya Kijiji. Hayo ni mazuri. Lakini kwenye vituo vingi kinachopimwa kila mwezi bila kukosa ni uzito, na uzito ndio kipimo ambacho mdumavu mnene hufaulu.

Kwa hiyo, mzazi wa Lupembe, Makambako na popote pale ambapo makala haya yatakukuta: siku ya kliniki ikifika, usikubali mwanao aondoke kwa kupimwa kilo peke yake. Omba apimwe urefu, omba muuguzi akusomee kwenye kadi urefu huo uko wapi ukilinganisha na umri, na uandikwe. Ubao wa kupimia kama haupo, mwulize mwenyekiti wa kijiji kwa nini haupo, mbele ya mkutano. Aliye chini ya miaka miwili hupimwa akiwa amelala. Aliyevuka hapo hupimwa akiwa amesimama, bila viatu.